Graham McNamee na kazi iliyovunjwa vipande

Akitajwa Graham McNamee, mtangazaji wa kwanza wa redio ambaye jina lake lilijulikana Marekani nzima, haupiti muda kabla mtu hajakumbushia maneno ya Ring Lardner. Lardner, mwandishi wa michezo na hadithi aliyekuwa na kalamu kali, aliketi karibu na McNamee kwenye World Series, fainali za besiboli, kisha akaandika kwamba siku ile zilichezwa mechi mbili: ile aliyoiona yeye kwa macho, na ile iliyotangazwa na McNamee. Watu walicheka, na tangu siku hizo hukumu imebaki ileile. Jamaa alikuwa na sauti nzuri na mdomo mwepesi, lakini mchezo hakuujua.

Mimi naona hukumu hiyo imekosea, tena mahali penyewe penye uzito. Makosa McNamee aliyafanya, na hayakuwa machache. Ila wanaoyarudia makosa hayo husema kana kwamba ndiyo yaliyomshusha, na ukifuatilia kazi yake kuanzia 1923 mpaka kifo chake 1942 unaona sababu nyingine kabisa. Redio ilimkabidhi kazi moja kubwa isiyo na mipaka, kazi ya kuwa macho ya watu wote kwenye kila tukio. Halafu redio yenyewe ikakua, ikaivunja kazi ile vipande vipande, ikagawa kila kipande kwa mtu wake. Kipande alichobakiziwa McNamee kilikuwa kile kilichohitaji kipaji chake kidogo kuliko vyote.

Alizaliwa Washington, D.C., tarehe 10 Julai 1888, akakulia St. Paul katika jimbo la Minnesota. Alifundishwa muziki tangu mdogo, na pembeni ya muziki alicheza besiboli na hoki kama vijana wenzake. Kabla sauti haijaanza kumlisha alipitia ukarani na uuzaji. Mwanzoni mwa miaka ya 1920 alikuwa New York, mwimbaji wa sauti ya baritoni, anaimba makanisani na kwenye kumbi za matamasha, na maisha ya mwimbaji wa aina hiyo yalikuwa na msimu: majira ya baridi kuna kazi, joto likiingia kumbi zinafungwa.

Joto lilipokaribia kuingia mwaka 1923 alikuwa ameitwa mahakamani kuhudumu katika jopo la wananchi wanaosikiliza kesi, kazi ya lazima yenye posho ndogo ya siku. Mapumziko ya mchana akatembea Broadway, akafika jengo namba 195, makao makuu ya kampuni ya simu AT&T, ambamo kituo cha redio WEAF kilikuwa na studio zake. Akaingia kuulizia kama kuna nafasi ya kuimba. Wakamjaribu kwenye kipaza sauti, wakamwajiri kama mtangazaji. Alikuwa na miaka 34.

Kisa hiki husimuliwa kama bahati ya mtende kuota jangwani, na ndivyo kinavyopendeza kusimuliwa. Lakini bahati hiyo ilikuwa na sababu zake. WEAF haikuwa redio ya kawaida. AT&T waliiendesha kwa kanuni ya simu: anayetaka kuongea na umma alipie muda. Tarehe 28 Agosti 1922 kampuni ya nyumba ya Queensboro ililipa dola 50 kwa dakika kumi za kuvisifia vyumba vyake vya Jackson Heights, na hilo ndilo linalohesabiwa kuwa tangazo la kwanza la kulipiwa katika historia ya redio ya Marekani. Kituo kinachouza muda kinahitaji wasikilizaji, na wasikilizaji wanahitaji sauti inayosikika vizuri kwenye vifaa duni vya wakati ule. Mwimbaji aliyefunzwa kupumua na kutamka ndiye hasa waliyekuwa wanamtafuta, hata kama wenyewe hawakuwa wameliweka hivyo. Si ajabu basi kwamba watangazaji wengi wa kizazi kile walitoka kwenye uimbaji. Milton Cross wa kituo cha WJZ alikuwa mwimbaji wa tenor, sauti ya juu ya kiume.

Huyo Cross anatufundisha jambo jingine kuhusu cheo cha mtangazaji wakati huo. WJZ, iliyoanzia Newark, haikuruhusu watangazaji wake wajitaje kwa majina. Thomas Cowan alijitambulisha kwa herufi tatu tu, ACN, yaani mtangazaji Cowan wa Newark. Herufi C ikawa imekwisha kuchukuliwa, kwa hiyo Cross akatumia herufi ya jina lake la katikati, akawa AJN. Wakubwa wa vituo hawakutaka umaarufu ushike kwa mtu mmoja mmoja, maana mtu maarufu huja ofisini kudai mshahara. Mtangazaji alikuwa sehemu ya mtambo: ataje kituo, ataje wimbo, ataje mpiga piano, anyamaze.

Ndani ya studio utaratibu huo uliwezekana, kwa sababu kila kitu kilikuwa kimeandikwa. Ulivunjika siku kipaza sauti kilipobebwa nje. Uwanjani hakuna karatasi ya kusoma. Tarehe 31 Agosti 1923 McNamee alitangaza pambano la ndondi la ubingwa wa uzito wa kati kati ya Harry Greb na Johnny Wilson kwenye uwanja wa Polo Grounds, na hakuna mtu aliyekuwa ameandika mapema ngumi zitakazorushwa. Ilibidi aseme anachokiona, kwa maneno yake, wakati uleule, raundi baada ya raundi.

Mwezi Oktoba likaja jaribio kubwa zaidi. Yankees na Giants, timu zote mbili za New York, zilikutana kwenye World Series. Kituo kilifuata akili iliyokuwapo: besiboli iongelewe na mwandishi wa besiboli. W. O. McGeehan, mwandishi wa michezo mwenye jina, akapewa kipaza sauti, na McNamee akawekwa kama msaidizi. Katika mchezo wa tatu McGeehan aliichoka kazi ile akaondoka, na McNamee akaendelea peke yake mpaka mwisho wa mfululizo.

Wanahistoria wengi wa redio hupita hapa haraka, na mimi napaona kuwa ndipo penye fundisho lote. Mtu aliyejua mchezo alishindwa kuutangaza, na mtu ambaye hakuujua sana aliweza. Kwa nini? Mwandishi wa gazeti amezoea kungoja. Tukio linatokea, linaisha, yeye analipima, anachagua maneno, na msomaji atalipata kesho asubuhi akiwa ameshajua kwamba limekwisha. Besiboli ina vipindi virefu ambavyo mpira hauendi popote: mrushaji anafuta jasho, mpigaji anarekebisha kofia, waamuzi wanazungumza. Kwa mwandishi hayo ni mapengo ya kuruka. Kwa msikilizaji aliye jikoni umbali wa kilomita mia mbili, ukimya wa dakika nzima una maana moja tu, kwamba redio imeharibika. Aliyewahi kusikiliza mpira kwenye redio ya betri zilizoanza kuchoka anaijua hofu hiyo.

McNamee alilielewa tatizo hili bila kufundishwa na mtu, kwa sababu hakukuwa na wa kumfundisha. Mwaka 1926 alieleza mwenyewe falsafa yake kwa maandishi: kazi yake ilikuwa kumfanya kila msikilizaji, japo yuko mbali, ajione naye ameketi pale pale jukwaani, anaona bendera, chupa za soda zinazorushwa hewani, kofia za nyasi zinazopondwa kwa furaha, nyota wa sinema Gloria Swanson akiingia na koti lake jipya la manyoya, na kocha John McGraw aliyetulia tuli kwenye kibanda cha wachezaji huku akitoa ishara muda wote. Orodha hiyo ina kitu kimoja tu cha besiboli, nacho ni McGraw. Vingine vyote ni vitu ambavyo mtu aliyepo uwanjani huviona bila kuvitafuta, na asiyekuwepo hawezi kuvijua mpaka aambiwe. Hapo ndipo Lardner, kwa kipaji chake chote, alipokosea kipimo. Yeye alikuwa na macho yake pale pale. Matangazo yale hayakutengenezwa kwa ajili yake.

Mwaka 1924 siasa nayo ikaingia. Mkutano mkuu wa chama cha Democratic ulifunguliwa Madison Square Garden tarehe 24 Juni 1924, na wajumbe wakashindwa kukubaliana juu ya mgombea urais mpaka kura ya 103, tarehe 9 Julai, walipomteua John W. Davis. Kwa zaidi ya wiki mbili McNamee na mwenzake Phillips Carlin walikaa kwenye kipaza sauti. Kila duru ya kura ilianza na Alabama ikitangaza kura zake 24 kwa seneta Oscar Underwood, maneno yale yale, sauti ile ile ya kusini, hata watoto wakayakariri. Hapo mwandishi wa gazeti angeandika kwamba hakuna kilichobadilika na kwenda kulala. Redio ilibidi ibaki hewani, na mtangazaji alibidi azungumzie joto la ukumbi, uchovu wa wajumbe, minong'ono ya pembeni na mabango yanayoinuliwa na kushushwa. Chama kilijionyesha kinavyogombana mbele ya taifa, na kilishindwa vibaya kwenye uchaguzi wa Novemba. Sidai kwamba redio ndiyo iliyokishinda. Lakini kwa mara ya kwanza ugomvi wa ndani ya chama uliingia sebuleni kwa watu ukiwa bado haujapoa, na aliyeuingiza alikuwa mwimbaji wa baritoni ambaye mwaka mmoja na ushei nyuma hakuwa na uhakika wa kipato cha msimu wa joto.

Machi 1925 alikuwepo Calvin Coolidge alipoapishwa, uapisho wa kwanza wa rais kurushwa na redio. Oktoba mwaka huo World Series ikaenda Pittsburgh na Washington, na mchezo wa saba ukachezwa kwenye mvua na tope, Pirates wakaishinda Senators 9–7. Watangazaji wa siku zile hawakuwa na chumba cha vioo. Walikaa miongoni mwa watu, mvua ikinyesha inawanyeshea. Baada ya fainali hizo McNamee alipokea barua takriban 50,000.

Naomba tuitazame idadi hiyo kwa makini kabla ya kuiita ushabiki tu. Barua ilihitaji karatasi, stempu na safari ya posta, na wengi wa walioandika walimwandikia mtu ambaye hawakuwahi kuiona sura yake. Kiongozi wa kituo aliyedhani mtangazaji ni sehemu ya mtambo alipaswa kushtuka, na walishtuka kweli. Sera ya kuficha majina haikuweza kuishi tena. McNamee akawa bidhaa, na hapo, katikati ya ushindi wake, ndipo mbegu ya matatizo yake ilipopandwa.

Tazama alivyotumiwa miaka miwili iliyofuata. RCA, kampuni kubwa ya redio, ilikuwa imeinunua WEAF kwa dola milioni moja mwaka 1926, na tarehe 15 Novemba ikazinduliwa NBC, mtandao wa kwanza wa kudumu wa vituo vya redio nchini. Tarehe 1 Januari 1927 alikuwa Pasadena, California, akitangaza Rose Bowl, mechi ya raga ya Kimarekani ya vyuo vikuu, kati ya Alabama na Stanford, mchezo wa kwanza kurushwa pwani hadi pwani. Juni alikuwa Washington kumpokea Charles Lindbergh aliyerudi baada ya kuvuka Atlantiki peke yake kwa ndege. Tarehe 22 Septemba alikuwa Chicago, uwanja wa Soldier Field, mbele ya watu zaidi ya 100,000, kwenye pambano la pili la Jack Dempsey na Gene Tunney. Wasikilizaji wa usiku huo wanakadiriwa kufika milioni 50. Katika raundi ya saba Dempsey alimwangusha Tunney, mwamuzi akachelewa kuanza kuhesabu kwa sababu Dempsey hakwenda kwanza kwenye kona isiyo ya mpiganaji yeyote, na Tunney akainuka baada ya sekunde kama 14. Magazeti ya siku zilizofuata yaliripoti wasikilizaji waliokufa kwa mshtuko wa moyo huku redio zikiwa wazi mbele yao.

Raga ya Kimarekani Januari, rubani Juni, ndondi Septemba, besiboli Oktoba, na kati ya hizo matamasha na hotuba. Hakuna binadamu anayeweza kuyajua yote hayo kwa undani. Pasadena alitumia muda mwingi kuisifia milima na anga la California, na wapo waliokasirika. Ninaweza kumtetea: ilikuwa Januari, nusu ya wasikilizaji wake walikuwa wamefunikwa na theluji, na kuambiwa kuna mahali ndani ya nchi yao jua linawaka juu ya milima kulikuwa na thamani yake. Lakini utetezi wangu una mwisho. Mpira ukisogea wakati wewe bado uko milimani, msikilizaji amenyimwa kitu alichokijia. Na ukimpa mchezaji huyu pigo alilopiga yule, umemdanganya mtu ambaye hana njia ya kukukosoa. Lardner hapo alikuwa sahihi. Mtu asiye na macho anastahili uangalifu zaidi kuliko mwenye macho, na McNamee wakati mwingine alimpa furaha badala ya uangalifu.

NBC wangeweza kulitatua hilo kwa kumpunguzia matukio na kumpa muda wa kujiandaa. Hawakufanya hivyo. Walimpeleka kila palipokuwa na umati kwa sababu jina lake liliuza, na alipokosea lawama zikamwendea yeye. Wakati huo huo walianza kuwapata watu wa kukichukua kila kipande.

Ted Husing, aliyezaliwa 1901, akawa sauti ya michezo ya CBS, mtandao mshindani wa NBC. Alitamka haraka kama bunduki na alijiandaa kwa bidii. Kwenye raga alifika uwanjani akijua wachezaji ni akina nani na wanasimama wapi. Milton Cross, yule wa herufi tatu, akapata muziki: mwaka 1929 alipewa medali ya dhahabu ya matamshi bora na American Academy of Arts and Letters, na kuanzia Krismasi ya 1931 akatangaza opera kutoka jumba la Metropolitan la New York mpaka alipofariki Januari 1975. Besiboli ilipata kizazi kipya. Red Barber, aliyezaliwa 1908, alianza na Cincinnati mwaka 1934 na mwaka uliofuata akatangaza World Series yake ya kwanza. Aliujua mchezo, alichunga ulimi, na hakushangilia upande wowote.

Na World Series yenyewe ilikuwa imebadilika. Mwaka 1934 kampuni ya magari ya Ford ililipa dola 100,000 kuidhamini redioni. Tukio likishakuwa na bei, mwenye tukio huanza kuchagua nani aliseme. Kamishna wa besiboli, jaji Kenesaw Mountain Landis, alimwondoa Husing kwenye World Series ya 1935 kwa sababu mwaka uliotangulia alikuwa amewakosoa waamuzi hewani. Kwa hiyo mtangazaji wa aina ya McNamee, yule anayepayuka kwa furaha na kukosea, alionekana amepitwa na wakati. Na mtangazaji wa aina ya Husing, anayejua na kusema anachojua, akaonekana hatari. Palibaki nafasi ya mtu makini na mwenye adabu, na Barber aliijaza kwa ustadi mkubwa.

McNamee alikuwa wapi? Tarehe 26 Aprili 1932 kilianza kwenye NBC kipindi cha kampuni ya mafuta Texaco, kikiongozwa na mchekeshaji wa jukwaani Ed Wynn aliyejiita mkuu wa zimamoto. Wynn alikiogopa kipaza sauti. Miaka yote alikuwa amechekesha watu anaowaona, na studio tupu ilimtisha, kwa hiyo akataka watazamaji mbele yake, akavaa mavazi yake ya jukwaani ingawa wa nyumbani hawakuweza kuyaona, na pembeni yake akasimamishwa McNamee. Kazi ya McNamee ilikuwa kuuliza swali linalofungua mzaha, kumwita mwenzake Chief, kucheka, na kusoma tangazo la petroli huku Wynn akilikatiza kwa vituko.

Wapo wanaoiona hatua hiyo kuwa aibu. Siioni hivyo, maana ukisikiliza alivyofanya unatambua ufundi. Kicheko chake kilikuwa cha mtu anayesikia mzaha kwa mara ya kwanza, na kwa mwenye redio nyumbani kicheko hicho kilikuwa ushahidi kwamba kuna kitu cha kuchekesha pale jukwaani kisichoonekana. Yaani bado alikuwa anafanya kazi yake ya zamani ya kuwa pale kwa niaba ya mwingine. Isipokuwa sasa alichokuwa anakishuhudia kilikuwa kimeandikwa tangu mwanzo mpaka mwisho, pamoja na maswali yake, na kilimilikiwa na muuza mafuta. Mtu aliyekuwa amepewa jukumu la kuisimulia nchi kwa maneno yake mwenyewe akawa anasoma maneno ya wengine na kushangaa kwa zamu. Kipindi kiliisha 1935.

Kazi yake nyingine kubwa ya miaka hiyo inanisikitisha zaidi kuliko ile ya Wynn, ingawa haitajwi sana. Universal walimfanya sauti ya filamu zao fupi za habari zilizoonyeshwa kwenye majumba ya sinema kabla ya picha kuanza. Heshima kubwa, watazamaji wengi, malipo bila shaka mazuri. Lakini fikiria ni nini kilitokea hapo. Kipaji chake chote kilijengwa juu ya msikilizaji ambaye haoni. Sasa anazungumza na watu walioketi gizani wakiangalia picha kubwa ukutani. Wanaiona meli inavyowaka, wanauona umati, na yeye anawaambia kwamba meli inawaka na umati ni mkubwa. Hisia zile zile ambazo kwenye redio zilikuwa taarifa, kwenye sinema zikawa mapambo. Nikisikia rekodi za filamu hizo naelewa kwa nini vijana waliomjua kwa njia hiyo pekee walimwona mtu wa makelele.

Linganisha na Don Wilson, aliyezaliwa Lincoln, Nebraska, mwaka 1900. Naye alianza kwa kuimba, naye alitangaza michezo. Mwaka 1934 aliingia kwenye kipindi cha mchekeshaji Jack Benny, na hakutoka mpaka kipindi cha televisheni cha Benny kilipofika mwisho 1965. Alisoma matangazo ya jeli ya Jell-O na ladha zake sita, baadaye sigara za Lucky Strike, akawa shabaha ya mizaha ya unene, na kuna usiku mwaka 1950 alipoteleza ulimi, badala ya kumtaja mwandishi Drew Pearson akasema Dreer Pooson. Waandishi wa kipindi hawakumficha. Dakika chache baadaye walimpa mwigizaji Frank Nelson kosa lile lile alirudie, na ukumbi ukavunjika kwa kicheko. Kosa la McNamee lilibebwa na magazeti kama hoja dhidi yake. Kosa la Wilson lilibebwa na nyumba yake, likageuzwa mali ya nyumba.

Nasema nyumba kwa makusudi. Wilson alikuwa na Benny. Cross alikuwa na opera. Barber alikuwa na Cincinnati, kisha Brooklyn Dodgers tangu 1939, na wasikilizaji wa Brooklyn walimjua kama wanavyomjua jirani: wakati wa ushindi yupo, wakati wa kipigo cha Jumanne isiyo na maana yupo. McNamee hakuwa na Jumanne. Alifika kwenye siku kubwa tu, akaondoka, akafika kwenye siku kubwa nyingine. Mtandao wa kitaifa ulimpa taifa zima kuwa wasikilizaji wake na haukumpa mji hata mmoja wa kumtetea. Umaarufu ulipohamia kwa wengine, hakukuwa na mahali ambapo watu wangesema, huyu ni wetu.

Alifariki New York tarehe 9 Mei 1942, akiwa na miaka 53. Matangazo mengi aliyoyafanya miaka ya 1920 hayakurekodiwa, kwa hiyo wanaomhukumu leo hawasikii kilichosikiwa na wale walioandika barua. Wanasoma magazeti. Na magazeti hayakuwa shahidi asiye na upande: mwanzoni mwa miaka ya 1930 wenye magazeti walikuwa wanapigana na redio waziwazi juu ya haki ya kutoa habari, mpaka Desemba 1933 wakazilazimisha NBC na CBS kukubali masharti ya kubana taarifa zao za habari katika makubaliano yaliyofanyika hoteli ya Biltmore. Mwandishi aliyemcheka mtangazaji katikati ya miaka ya 1920 alikuwa anamcheka mshindani wa mwajiri wake. Sisemi Lardner alitumwa. Nasema ushahidi wa upande mmoja umehifadhiwa vizuri, wa upande wa pili umepotea hewani, na mchambuzi mwaminifu analazimika kulizingatia hilo kabla ya kunakili mzaha.

Jumba la kumbukumbu la besiboli huko Cooperstown lina tuzo kwa watangazaji, iliyopewa jina la Ford C. Frick. Walioipata kwanza, mwaka 1978, ni Mel Allen na Red Barber, sauti za Yankees na Dodgers. Barber mwenyewe alimheshimu McNamee sana na kumtaja kuwa mkubwa kuliko wote, kwa sababu alikalia kiti ambacho hakuna aliyekuwa amekikalia kabla yake. Heshima hiyo haikutosha. Miaka ikapita, mmoja baada ya mwingine watangazaji wa timu wakapewa, na wengi wao walistahili. McNamee alipewa mwaka 2016, miaka 74 baada ya kufariki, na alipewa baada ya waandaaji kubadili utaratibu na kutenga zamu maalumu kwa ajili ya watangazaji wa zama za mwanzo, ambamo hakulazimika tena kushindanishwa na watu waliokuwa na timu.